Tunakagua Vizibo na Kumwacha Mnong'onaji

Wiki tatu zilizopita, shindano dogo la gemu ya kompyuta ya Minecraft kati ya vijana wa Mbeya na wenzao wa Iringa liliisha kwa ugomvi. Kijana wa Uyole aliyekuwa ameshinda nusu fainali alinyang'anywa ushindi baada ya upande wa pili kuitazama video ya mechi yake na kuona, kwenye kona ya skrini, vibonyezo vidogo vinavyowaka kila alipokwenda mbele, aliporuka au alipopiga. Gemu rasmi haina kitu hicho. Alipoulizwa hakuficha: alikuwa anatumia klaienti ya nje, yaani programu iliyotengenezwa na watu wasio wa kampuni yenye gemu, ambayo mchezaji huitumia kuingia kwenye seva ileile wanayoingia wengine. Waandaaji walifuta matokeo, na siku mbili baadaye wakatangaza kwamba kuanzia msimu ujao klaienti yoyote isiyotoka kwa kampuni yenyewe ni marufuku. Tangazo limepokewa kwa shangwe, na wengi wanaliona kama dawa ya udanganyifu iliyokuwa inasubiriwa.

Kwa maoni yangu, dawa hiyo anapewa asiyeumwa. Swali la nani ametengeneza programu limechukua nafasi ya swali lenye uzito zaidi, ambalo ni kama programu hiyo inampa mchezaji jambo ambalo mpinzani wake hana. Wanaocheza drafti vibarazani wanalielewa hili bila kufundishwa. Ubao huchorwa kwenye kipande cha mbao, kete ni vizibo vya soda, vingine vimegeuzwa juu chini, na hakuna anayedai kwamba mchezo si halali kwa kuwa vifaa havikutoka kiwandani. Kinachovunja mchezo ni mtu aliyesimama nyuma ya mchezaji na kumnong'oneza hatua ya kwenda. Kanuni mpya inakagua vizibo kwa ukali mkubwa na kumwacha mnong'onaji amesimama palepale.

Ili hoja ieleweke, ni lazima kwanza kutofautisha kazi ya klaienti na kazi ya seva. Seva ndiyo yenye dunia ya mchezo: inajua kila mchezaji yuko wapi, amebakiwa na uhai kiasi gani, na pigo gani limehesabiwa. Katika Minecraft, seva hufanya hesabu hizo mara 20 kwa sekunde, yaani mara moja kila milisekunde 50. Klaienti iliyo kwenye kompyuta ya mchezaji hupokea habari kutoka kwa seva, huzichora kuwa picha, na hupeleka taarifa za vitufe vilivyobonyezwa. Klaienti za nje kama Lunar na Badlion hazikuzuka kwa ajili ya wizi. Toleo la 1.9 la Minecraft, lililotoka Februari 2016, lilibadilisha mapigano kwa kumlazimisha mchezaji asubiri kidogo kati ya pigo na pigo, na wachezaji wengi wa ushindani wakakataa kuliacha toleo la 1.8 la mwaka 2014. Klaienti hizo zikapata wateja kati ya watu hao, kwa kuwapa gemu nyepesi na mapambo machache ya kuwasaidia kufuatilia mchezo wao wenyewe, vikiwemo vile vibonyezo vya kwenye kona, ambavyo humwonyesha mchezaji vidole vyake mwenyewe na si kitu kingine.

Nilimtembelea kijana huyo nyumbani kwao, na nililoliona linaeleza vizuri kwa nini watu hutafuta klaienti hizi. Laptopu yake ni ya mtumba, ina kumbukumbu ya GB 4 na haina kadi ya picha inayojitegemea. Alifungua gemu rasmi, akaingia kwenye uwanja wa mazoezi, akabonyeza F3, kitufe kinacholeta maandishi ya kitaalamu juu ya skrini. Upande wa kushoto palisomeka fremu 19 kwa sekunde, na alipogeuka haraka zikashuka hadi 14. Akafunga, akafungua klaienti ya nje, akasimama mahali palepale: fremu 68. Kwa asiyecheza, tofauti hiyo inaweza kuonekana kuwa ya urembo wa picha tu, lakini sivyo. Fremu 19 kwa sekunde maana yake ni picha mpya kila baada ya milisekunde 53 hivi, muda mrefu kuliko hesabu nzima ya seva, kwa hiyo mpinzani anaweza kuwa ameshasogea na seva imeshakubali, ilhali skrini ya kijana bado inaonyesha alipokuwa mwanzo. Kwa fremu 68, picha mpya huja kila baada ya milisekunde 15 hivi. Mpinzani wake wa Iringa, kwa maelezo yake mwenyewe, anachezea kompyuta inayopata fremu zaidi ya 100 kwa gemu rasmi. Kwa kutumia klaienti ya nje, kijana wa Uyole hakumpita. Alipunguza pengo, tena hakulifuta.

Hata hivyo, wanaounga mkono marufuku wana hoja moja nzito ambayo sitaipita juu juu, kwa sababu watetezi wengi wa klaienti za nje huikwepa. Seva haiwezi kuthibitisha kila kitu. Mambo fulani inaiamini tu klaienti. Mfano mzuri uko ndani ya toleo hilihili la 1.8. Programu rasmi humruhusu mchezaji kumpiga mwenzake akiwa ndani ya umbali wa bloku 3, bloku zikiwa vile vipande vya mchemraba vinavyoijenga dunia ya Minecraft. Lakini seva, ikijua kwamba taarifa huchelewa njiani na kwamba mpinzani huenda amesogea, imeachiwa nafasi pana zaidi na hukubali pigo hadi umbali unaokaribia bloku 6. Kati ya 3 na 6 hakuna mlinzi isipokuwa uaminifu wa klaienti. Mtu akitengeneza klaienti inayopiga kutoka bloku 3 na nusu, seva isiyo na kinga ya ziada italipokea pigo hilo bila kulalamika, na mpinzani ataona tu kwamba anapigwa na mtu ambaye yeye hamfikii. Nusu bloku haionekani kwa macho ya mtazamaji wa video. Kwa hiyo anayesema kwamba klaienti ni dirisha tu la kutazamia, na kwamba dirisha halichezi, anasema jambo lisilo kweli, na waandaaji wanaoogopa klaienti wasizozijua wana haki kabisa ya kuogopa.

Lakini kutoka kwenye hofu hiyo hadi kwenye marufuku ya jumla kuna hatua kubwa, na historia ya mchezo mwingine inaonyesha kwamba si hatua ya lazima. Tarehe 21 Desemba 1999, kampuni ya id Software iliuweka wazi msimbo wa Quake, gemu ya kupigana risasi, kwa leseni ya GPL, kila mtu ausome na kuubadilisha. Muda si mrefu zikatokea klaienti za kudanganyia, zikiwemo zinazolenga shabaha zenyewe, na ushindani wa QuakeWorld, yaani Quake ya kuchezwa mtandaoni, ukaonekana kama umefika mwisho. Haukufika. Wachezaji wenyewe waliendelea kutengeneza klaienti zao, na moja kati ya hizo, ezQuake, ikawa chombo kinachotumiwa kwenye mashindano makubwa ya mchezo huo hadi leo. Walifanya jambo ambalo linapaswa kutufikirisha hapa kwetu: waliweka kanuni za mashindano ndani ya klaienti yenyewe. Mkusanyiko wa kanuni unaoitwa smackdown, kwa mfano, unaweka ukomo wa fremu 77 kwa sekunde, kwa sababu katika QuakeWorld wingi wa fremu hugusa hata mwendo wa mchezaji, na unazima baadhi ya amri zinazoweza kumchezea mtu badala ya yeye kucheza. Kisha mchezaji yeyote anaweza kuandika f_ruleset kwenye uwanja wa mazungumzo, na programu za wapinzani wake hujibu zenyewe, mbele ya kila mtu, zikitaja kanuni zinazofuata. Mjanja anaweza kujaribu kughushi jibu, hilo linajulikana. Ila mchezo ambao ulipaswa kufa kwa kuruhusu kila klaienti uliokolewa na klaienti ambazo kanuni zake zinasomeka, na hakuna aliyelazimika kusubiri kampuni iliyokuwa imeshahamia kwenye biashara nyingine.

Kuna sababu nyingine iliyozaa klaienti za nje, nayo inatugusa sisi wa Nyanda za Juu Kusini kuliko wachezaji wa Ulaya: umbali. Seva ya shindano letu ilikodiwa Johannesburg. Kwa mstari ulionyooka, kutoka Mbeya hadi huko ni kama kilomita 2,000, na mwanga ndani ya nyaya za faiba husafiri karibu kilomita 200,000 kwa sekunde, hivyo kwenda na kurudi kunahitaji angalau milisekunde 20 hata kama hakuna kinachozuia njiani. Nyaya hazinyooki, minara ya simu huongeza yake, na bando la jioni, mtaa mzima ukiwa mtandaoni, huongeza zaidi. Wachezaji wa michezo ya kupigana walikutana na tatizo hili mapema. Michezo mingi ya aina hiyo iliandikwa kwa fremu 60 kwa sekunde, milisekunde 16.7 kila moja, na mfumo wa zamani wa kuicheza mtandaoni ulikuwa ni kumsubiri mwenzako: gemu husimama hadi kitufe chake kifike. Mwaka 2006 Tony Cannon, mmoja wa waanzilishi wa Evo, shindano kubwa la michezo ya kupigana, alitoa GGPO, mbinu ambayo haisubiri. Gemu hukisia kwamba mpinzani ataendelea kufanya alichokuwa anafanya, husonga mbele, na kisio likiwa na kosa hurudi nyuma fremu chache na kuhesabu upya kwa haraka kiasi kwamba jicho halioni. Kampuni nyingi zilichukua miaka mingi kuikubali mbinu hiyo. Guilty Gear Strive ya mwaka 2021 ilitoka nayo, na leo mchezaji wa ushindani anaidai kama haki yake. Mwanzoni, kabla kampuni hazijaikubali, waliokuwa wakiitumia walikuwa watu wa klaienti za nje.

Kisa cha Super Smash Bros. Melee kinaonyesha pande zote mbili za jambo hili. Mchezo huo wa mwaka 2001 ulitolewa kwa mashine ya GameCube na haukuwa na uchezaji wa mtandaoni kabisa. Juni 2020, viwanja vikiwa vimefungwa kwa sababu ya korona, programu ya Slippi ikauletea mbinu hiyo ya kukisia, na watu waliozoea kukutana ukumbini wakaweza kushindana wakiwa majumbani. Mnamo Novemba mwaka huohuo, waandaaji wa The Big House walipotaka kufanya shindano lao mtandaoni kwa kutumia Slippi, Nintendo iliwataka wasitishe, nao wakasitisha. Hapa hoja ya haki ya mwenye mali inasimama kwa miguu yake, na sipendi inapodharauliwa. Kampuni imegharamia kazi, na Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inalinda programu za kompyuta hapa Tanzania pia. Mwandaaji anayetangaza shindano lenye kiingilio na zawadi hawezi kujifanya haoni masharti ya matumizi aliyoyakubali. Kwa hiyo pale ambapo kampuni imekataza waziwazi, kanuni ya shindano ifuate katazo hilo, na sababu iandikwe hivyo: tumekatazwa na mwenye gemu. Isiandikwe kwamba mchezaji ni mdanganyifu.

Lakini Minecraft si Melee. Mojang, kampuni iliyoitengeneza Minecraft, imekuwa yenyewe ikiwasaidia watu wanaoibadilisha gemu yake. Mwaka 2019 ilianza kuchapisha majina ya sehemu za msimbo wake ili watengenezaji wa nje waweze kuzisoma. Seva kubwa ya Hypixel, ambayo ushindani wake ni mkali kuliko wowote tutakaouandaa sisi, inaruhusu nyongeza za kuongeza kasi na za kupamba skrini, na inakataza zile zinazotoa faida dhidi ya mpinzani, mfano ramani ndogo inayoonyesha walipo wachezaji wengine. Kampuni ya Jagex nayo ilijaribu mwaka 2018 kuisimamisha RuneLite, klaienti ya nje ya Old School RuneScape, ikarudi nyuma baada ya wachezaji kulalamika, na ikaishia kuweka mpaka kwenye matendo: klaienti inaweza kupanga vizuri kile mchezaji anachokiona, ila isimwambie asimame wapi anapopambana na adui mkubwa. Mpaka huo ni uleule wa kibaraza cha drafti.

Hoja dhaifu kuliko zote, na ndiyo inayorudiwa zaidi, ni kwamba programu rasmi ni safi na kwa hiyo anayeitumia hawezi kudanganya. Oktoba 2018, timu ya OpTic India iliondolewa kwenye shindano la Counter-Strike mjini Shanghai baada ya mchezaji wake kukutwa na programu ya kulengea shabaha kwenye kompyuta. Alikuwa ukumbini, mbele ya waamuzi, akicheza gemu rasmi. Programu ya udanganyifu ilikuwa pembeni, imepewa jina linalofanana na la programu ya kuandikia barua. Machi 2024, katika fainali za Apex Legends za Amerika Kaskazini, wachezaji wawili mashuhuri walivamiwa katikati ya mechi: mmoja akaanza kuwaona wapinzani nyuma ya kuta, mwingine silaha yake ikaanza kujilenga yenyewe. Gemu ilikuwa rasmi, ulinzi wake ulikuwa rasmi, shindano lilikuwa la kampuni yenyewe, na fainali zikaahirishwa. Wadanganyifu wengi hawabadilishi klaienti hata kidogo, bali huitegeshea kitu pembeni. Kanuni ya mstari mmoja haiwagusi hawa. Inawagusa wale ambao klaienti yao inaonekana kwenye video kwa kuwa hawakuona sababu ya kuificha.

Upande wa usalama, siwezi kuwatetea wanaopakua chochote wanachotumiwa kwenye simu. Gemu zilizovunjwa, zinazosambazwa kwa mafaili ambayo hakuna anayejua yametoka wapi, ni hatari, na mtu anaweza kupoteza akaunti na nywila zake zote kwa tamaa ya kupata almasi za bure. Hata njia zinazoaminika huingiliwa: Juni 2023 kirusi kilichoitwa Fractureiser kilikutwa ndani ya nyongeza za Minecraft zilizowekwa CurseForge, tovuti inayojulikana ya kupakulia nyongeza. Ila hatari hiyo haitambui cheo cha mtengenezaji. Mwaka 2022 ilibainika kwamba wahalifu walitumia sehemu ya ulinzi rasmi wa Genshin Impact, inayokaa ndani kabisa ya mfumo endeshi, kuzima kinga za kompyuta walizotaka kuzifunga ili wawadai wenyewe fedha.

Jambo hilo la ulinzi unaokaa ndani ya mfumo linanitia wasiwasi kuliko kanuni yenyewe ya waandaaji wetu, kwa sababu linaonyesha rasmi ya kesho itakuwa na sura gani. Valorant ilianza mwaka 2020 na ulinzi unaowaka pamoja na kompyuta. Battlefield 6 ya mwaka 2025 haichezeki kwenye kompyuta ambayo haijawashiwa Secure Boot, kinga inayokagua programu zinazoanza pamoja na kompyuta, na kompyuta nyingi za zamani hazina uwezo huo au zinamhitaji mtu anayejua kuingia kwenye mipangilio ya ndani bila kuharibu kitu. Kompyuta za zamani ndizo tulizonazo. Ndizo zinazopangwa juu ya meza za maduka ya Mwanjelwa, zikiwa na stika za ofisi za Ulaya zilizokwanguliwa nusu. Kampuni zina sababu za kweli za kuweka masharti hayo, kwani biashara ya udanganyifu ni kubwa. Lakini tukijizoesha kuamini kwamba usafi wa mchezo hupimwa kwa kuwa na kilicho rasmi, tutakuwa tumejiwekea kipimo ambacho kila mwaka kitawaacha nje wachezaji wengi zaidi wa mikoa yetu, na tutakuwa tumewaacha kwa hiari yetu, kwenye mashindano ambayo hakuna kampuni iliyotulazimisha.

Kinachohitajika hakizidi uwezo wa waandaaji wetu. Waandike orodha ya klaienti zinazokubaliwa na toleo la kila moja. Waandike ni nyongeza zipi ziko wazi kwa wote, na ni zipi zimezimwa: umbali wa kupiga, ramani ya wachezaji, kubofya kunakojiendesha. Seva iwekewe programu ya kupima umbali wa kila pigo, kwa kuwa zipo za bure na zinarekodi kila kitu, badala ya kuiacha ikiamini hadi bloku 6. Kila mchezaji arekodi skrini yake nzima, na afungue F3 kabla ya mechi ili fremu na toleo vionekane. Kazi hiyo ni kubwa kuliko kuandika marufuku ya mstari mmoja, na itahitaji waamuzi wanaoijua gemu. Vijana wenye ujuzi huo wapo, Iringa na hapa Mbeya, na wengi wao ndio haohao wanaotumia klaienti za nje, kwa maana walilazimika kujifunza gemu inavyofanya kazi ili iweze kuwaka kwenye mashine zao.

Waandaaji wa pande mbili watakutana Makambako mwezi ujao kupitisha kanuni za msimu. Video ya nusu fainali bado ipo, ya dakika 11, na klaienti iliyotumika inajulikana hadi toleo lake. Naomba itazamwe pigo kwa pigo kabla ya kanuni kujadiliwa, na mpinzani wa Iringa aulizwe swali moja tu: katika mapigo hayo, lipi lilimfikia akiwa mahali ambapo yeye asingeweza kulirudisha? Kama lipo, matokeo yabaki yamefutwa. Kama halipo, kijana wa Uyole arudishiwe mechi yake.